Kuni zilizopasuliwa: moto wa nyumba na safari za mama

Kuni zilizopasuliwa ni vipande vya muti uliokatwa kwanza kwa kipimo cha mafiga, kisha ukapasuliwa kwa shoka kwa kufuata nyuzi zake, vipande viwili, vine ao zaidi. Si vitawi vya kuokota njiani, si gogo zima, na si makala. Tuseme hilo mapema: kila mara neno «makala» litaonekana hapa chini, ni makala ya mbabula, ile ya kununua katika gunia. Hii unayosoma ni habari tu.

Kupasula kuni ni kazi ambayo kila mutu wa kijiji aliiona tangu utoto, labda njo maana hakuna anayechukua wakati wa kuieleza. Lakini ndani ya kazi hiyo kuko hesabu kubwa. Kilo moja ya ukuni uliopasuliwa na kukauka vizuri inatoa moto karibu mara mbili ya kilo moja ya ukuni mubichi. Kwa mama wa Masisi, wa Rutshuru, wa Walungu ao wa Djugu anayebeba kuni kwa mugongo wake mwenyewe, maana yake ni kwamba safari moja inaweza kufanya kazi ya safari mbili. Na kwetu, safari ya kuni si jambo la kuchezea.

Maji ndani ya muti

Muti uliokatwa leo asubui umejaa maji. Karibu nusu ya uzito wake ni maji. Chukua mama anayeshuka mulima na kilo 30 za kuni mbichi, kamba imekaza kwenye paji la uso: ndani ya muzigo ule kuko karibu litre 15 za maji. Ni sawa vile mutu angemuongezea juu ya mugongo bidoni ya njano ya litre 20 iliyojaa robo tatu, maji ambayo hakuna mutu atakunywa.

Akifika nyumbani, taabu inaanza tena. Kabla ya kupika maharagi, moto unapaswa kwanza kuchemusha yale maji ya ndani ya muti na kuyatoa kwa mvuke. Ile sauti ya shiii, lile povu linalotoka kwenye mwisho wa ukuni, ni moto unaofanya kazi ya bure. Na kwa sababu moto umepoa, moshi hauwaki: unapanda mweusi, unaingia machoni, unabandika masizi kwenye ukuta. Moshi ule ni kuni pia, ni sehemu ya ukuni ambayo ingepaswa kuwaka na haikuwaka.

Shirika la Afya Duniani linahesabu kwamba hewa chafu ya ndani ya nyumba, inayotoka kwa kupika na kuni, makala, petroli ya taa na mambo mengine ya namna hiyo, iliua watu karibu milioni 3,2 katika dunia kwa mwaka 2020. Wengi ni wamama na watoto wadogo, ni wale wanaokaa karibu na mafiga. Kukausha kuni hakuondoi moshi wote, tusidanganyane. Lakini mutu yeyote aliyepika siku moja na kuni za mvua na siku ya pili na kuni kavu anajua tofauti, hakuna haja ya kipimo.

Sasa, kwa nini kupasula? Kwa sababu ya ganda. Ganda la muti liliumbwa kwa kuzuia maji yasitoke, hata wakati wa jua kali. Gogo la mviringo lenye ganda linaweza kukaa mwaka muzima inje, ukalidhani ni kavu, kumbe moyo wake bado mubichi. Ukilipasula, umefungua mulango. Maji yanatoka kwenye nyuso zile mpya, upepo unapita. Vipande vya unene wa kifundo cha mukono vinaweza kukauka katika majuma kadhaa ao miezi mbili-tatu za kiangazi, vikiwa vimepangwa vizuri. Hata hapo maji hayaishi kabisa: ukuni tunaouita mukavu unabakia na sehemu kama 15 mpaka 20 za maji katika 100. Hiyo inatosha kabisa kwa kupika.

Hesabu hii iko na mutego mumoja. Faida kubwa ya mugongo inapatikana tu kama muti unakauka kabla ya kubebwa. Ukibeba mbichi na kukausha nyumbani, utapata moto muzuri na moshi kidogo, lakini yale maji umekwisha kuyabeba. Wazee wenye shamba la miti walijua: walikata, walipasula palepale, walipanga, wakaenda zao. Wamama walikuja kuchukua kisha mwezi ao miezi mbili. Mutu anayekimbia na panga katika msitu usio wake hana nafasi hiyo.

Shoka na kabari

Panga linakata matawi, lakini kwa kupasula, shoka njo chombo. Shoka ya kukata muti inapenda ulimi mwembamba. Ya kupasula inapenda ulimi munene wenye mabega, kwa sababu kazi yake si kukata nyuzi, ni kuzitenganisha. Katika nyumba nyingi kuko shoka moja kwa kazi zote mbili, basi mutu anasaidia na kabari ya chuma ao ya muti mugumu, anayoigonga na nyundo kubwa ao na rungu la muti. Watu wengine wanatumia kipande cha chuma cha gari la zamani kilichopigwa na mufua-vyuma wa soko, na kinafanya kazi vizuri kabisa.

Gogo linasimamishwa juu ya gogo lingine, pana na fupi, kusudi ulimi wa shoka usiingie katika udongo ao katika mawe. Kule Goma, ambako udongo wenyewe ni mawe ya volkano, shoka linalokosa gogo moja tu linatengenezwa siku nzima. Unatazama kwanza uso wa gogo: kama kuko mupasuko wa asili, piga juu yake. Kama ni gogo kubwa, usipige katikati; anza pembeni, toa vipande vya kandokando, moyo utabakia mwepesi. Fundo, pahali tawi lilitokea, liepuke. Fundo linaweza kushika shoka mpaka uite jirani. Na miguu iwe imepanuliwa, watoto wakae mbali, wasimame nyuma kabisa, kwa sababu kipande kinaruka upande ambao haukutazamia.

Kalitusi ni darasa la pekee. Ikiwa mbichi inapasuka kama sabuni. Ukiiacha ikauke nzima, nyuzi zake zinajizungusha na kukaza, na kazi ya dakika tano inakuwa ya nusu saa. Kwa hiyo kalitusi inapasuliwa siku ileile ilipokatwa, ao siku inayofuata.

Kichanja juu ya mafiga

Katika jiko la bibi yangu, juu ya mafiga matatu, kulikuwa kichanja cha fito kilichofungwa na kamba za migomba. Chini moto, juu kuni. Kila jioni, kisha kupika, alipandisha kuni za keshokutwa na kushusha zile zilizokwisha kukaa siku tatu-ine. Pembeni ya kuni kulikuwa mahindi ya mbegu yenye maganda yake, kikapo cha maharagi, wakati mwingine kipande cha nyama. Moshi ulikausha yote pamoja na kufukuza wadudu. Sisi watoto tuliona kichanja kile kama pahali pa kuficha vitu. Nilikuwa mutu muzima nilipofahamu kwamba bibi alikuwa anatumia joto lilelile mara mbili: mara ya kwanza kwa chakula, mara ya pili kwa kutayarisha moto wa siku zinazokuja.

Vichanja vya namna hiyo vilikuwa karibu kila pahali katika milima ya Kivu, kila kabila na jina lake. Vinapotea kwa sababu nyingi. Nyumba za mabati na sima hazina nafasi yake. Jiko likiwa ndani ya chumba kimoja na kitanda, hakuna anayetaka mulundo wa kuni juu ya kichwa. Na ndani ya hema la turubai, moto wenyewe ni hatari, sembuse kichanja.

Kwa mwenye uwanja, hata mudogo, kuko namna ingine. Weka kwanza fito mbili ao mawe chini, kuni zisiguse udongo. Panga vipande kwa kuacha nafasi za upepo. Juu kabisa, geuza upande wa ganda utazame mbingu, ganda litafanya kazi ya paa. Funika na kipande cha bati ao cha turubai upande wa juu tu. Ukifunga pande zote, umeziweka kuni katika jasho lao wenyewe, zitaota ukungu. Katika Kivu ya Kusini kiangazi kirefu cha mwezi wa 6 mpaka wa 8 njo wakati wa kuweka akiba. Kule Beni, Lubero na Ituri, karibu na musitari wa ikweta, kuko pia kiangazi kifupi cha mwezi wa 1 na wa 2.

Kila kazi na muti wake

Mupishi wa zamani hakuuliza tu kama kuni ni kavu. Aliuliza pia ni muti gani.

Kwa kuwasha, unatafuta muti mwepesi: sipre, vipande vyembamba vya grevilea, mabua ya mahindi. Vinashika haraka na kuisha haraka. Kwa maharagi, ambayo yanaomba saa mbili ao tatu, unatafuta muti mugumu na mzito, akasia nyeusi ao kalitusi iliyokomaa, unaoacha kaa jekundu lisilozimika. (Aliyelowesha maharagi usiku muzima na kufunika chungu anaokoa kuni nyingi, jambo hili dogo linasahauliwa kila siku.) Kwa bugali, moto unapaswa kuwa mukali kwa wakati mufupi, kwa hiyo vipande vyembamba vingi ni bora kuliko vinene viwili. Kipande chembamba kinatoa ulimi wa moto. Kinene kinatoa joto la polepole. Mutu anayejua kupasula kwa vipimo tofauti anaongoza moto wake kama vile mwingine anavyofungua na kufunga kifungo cha gazi.

Kuko miti ya kuepuka. Euforbia na jamaa yake, yenye utomvu mweupe, inaumiza macho na ngozi. Lorie-roze, ile ya maua ya kupendeza mbele ya nyumba, ni sumu. Haipikiwi na haichomi nyama. Vipande vya mbao vilivyopakwa rangi ao dawa ya mchwa, hivyo visiingie jikoni hata kama vinatolewa bure kwa mwenye kujenga.

Wavuvi wako na sheria zao. Kule Vitshumbi, Kyavinyonga na Nyakakoma, kwenye Ziwa Edward, na kule Uvira, Fizi na Kalemie kwenye Ziwa Tanganyika, samaki wasiouzwa wabichi wanapelekwa kwenye moshi. Dagaa, yaani ndagala, anakauka kwa jua. Lakini mgebuka na tilapia wanalazwa juu ya waya ao fito, chini wanawekewa kuni ngumu zilizopasuliwa, moto mudogo, moshi mwingi. Hapa ukuni haupaswi kuwaka sana. Sipre na pini hazitakiwi, kwa sababu utomvu wao unafanya samaki kuwa mweusi na muchungu. Tatizo ni kwamba wavuvi wa Ziwa Edward wamezungukwa na Mbuga ya Virunga. Kila samaki aliyekaushwa pale analeta ulizo: kuni zake zilitoka wapi?

Kasiksi pia inaanza na kuni. Ndizi za pombe zinafukiwa katika shimo lililopashwa moto, zimefunikwa na majani ya mugomba na udongo, na joto linaziivisha kwa siku chache kabla ya kukamuliwa. Wafua-vyuma wenyewe wanapendelea makala, kwa sababu inatoa joto kali bila ulimi wa moto. Na wachoma matofali ni walaji wakubwa kuliko wote: tanuru moja la matofali linameza magogo mazima, tena mara nyingi mabichi. Kama kuko pahali pamoja ambapo kupasula na kukausha kungeokoa miti mingi kwa siku moja, ni pale. Lakini mwenye tanuru yuko na haraka, mununuzi amekwisha kutoa feza.

Hata majivu hayatupwi. Yanachanganywa na maharagi ya mbegu kwa kuzuia fukusi. Yanapelekwa katika shamba ya migomba. Na katika vijiji ambako chumvi ya duka ilikuwa mbali ao ghali, wamama walichuja maji katika majivu ya mimea fulani na kupata chumvi ya kienyeji, ambayo hadi leo wengine wanaitia katika sombe na maharagi kwa kuyalainisha.

Kuni zinazopelekwa kwa watu

Hapa njo sehemu ambayo wazee wanapenda zaidi kuieleza, kwa sababu kwao ukuni haukuwa kitu cha kupikia tu. Ulikuwa neno.

Mutu akifariki, jirani hafiki mikono mitupu. Anakuja na ukuni ao muzigo wa kuni kwa moto wa matanga, ule unaowaka inje usiku kucha, ambako wanaume wanakaa. Asiye na feza anaweza kuleta kuni, na hakuna anayemudharau. Mama akijifungua, ndugu na wakwe wanaleta kuni kavu, zilizopasuliwa tayari, kwa sababu anahitaji maji ya moto kila siku na hawezi kushika shoka. Katika vijiji vingi kijana aliyetaka kuoa alipeleka kuni kwa wazazi wa binti. Baba mukwe hakutazama wingi peke yake. Alitazama namna zilivyopasuliwa: je, ni sawasawa, ni kavu, ni muti wa maana, ao ni vitawi vya kufunika haya? Shoka lilimuonyesha kijana zaidi ya maneno yake.

Na kulikuwa moto wa wanaume. Warega wanaita nyumba ile lusu, Wabembe lubunga, Wanande kyaghanda. Wengi leo wanasema barza tu. Pale kesi zilikatwa, vijana walifundishwa, wageni walipokelewa. Moto wa barza ulikula magogo mazima yanayosukumwa polepole kuelekea katikati, kwa sababu pale hakuna mwenye haraka. Jikoni haraka iko, chungu kinangoja, mutoto analia, na kuni zinapaswa kupasuliwa. Ukiona namna kuni zilivyo, unajua ni moto wa nani.

Wambuti wa msitu wa Ituri wako na desturi inayofanana. Colin Turnbull, aliyekaa nao karibu na Epulu katika miaka ya 1950, aliandika kwamba wakati wa molimo, sherehe yao kubwa ya msitu, vijana walipita kibanda kwa kibanda wakichukua chakula na ukuni kwa moto wa wote. Kila nyumba ilitoa ukuni wake.

Na katika hadisi ya Mwindo ya Wanyanga wa Walikale, ile ambayo Shekarisi Rureke aliisimulia katika 1956 na ambayo Daniel Biebuyck na Kahombo Mateene waliichapisha katika 1969, shujaa anaanza kazi zake kabla hajazaliwa. Mama yake anashangaa kukuta kuni zimekwisha kufika nyumbani bila yeye kwenda kuzitafuta. Mutoto aliye tumboni njo anazileta. Wasimulizi wangeweza kuchagua muujiza mwingine wowote. Walichagua kumupunguzia mama safari ya kuni.

Safari yenyewe

Tukirudi katika siku zetu, safari hiyo imekuwa ndefu na mbaya. Mbuga ya Virunga, iliyoanzishwa mwaka 1925, ilipata pigo kubwa mwaka 1994 wakati mamia ya maelfu ya wakimbizi kutoka Rwanda walipowekwa Kibumba, Katale, Kahindo na Mugunga, wengi kandokando ya msitu. Walipaswa kupika. Miti iliondoka kila siku kwa tani mamia, na mwaka uleule UNESCO iliweka mbuga katika orodha ya urithi ulio katika hatari.

Vita vilivyofuata vilirudisha jambo lilelile, sasa kwa wakaaji wetu wenyewe. Katika 2023, wafanyakazi wa Médecins Sans Frontières waliotunza wamama na wasichana waliobakwa katika kambi za kandokando ya Goma walitangaza kwamba wengi wao walishambuliwa walipotoka kutafuta kuni na chakula. Kambi zile ziliondolewa mwanzoni mwa 2025, watu wakatawanyika. Moto wa kupikia haukuondolewa. Kwa mama aliyepatwa na jambo hilo, ao binti yake: kituo cha afya kiko na dawa za kuzuia virusi vya UKIMWI, lakini zinapaswa kuanza mbele ya saa 72, na mapema ni bora. Tunalirudilia kwenye redio, tunaliandika hapa pia.

Sheria ya misitu ya 2002 inatambua haki za wenyeji kutumia msitu kwa mahitaji ya nyumbani, lakini haki hiyo haiingii ndani ya mbuga za taifa, ambako kukata muti kumekatazwa. Mama anayevuka mpaka wa mbuga anajua. Anaogopa mulinzi wa mbuga upande mumoja, na mutu mwenye silaha upande mwingine. Mara nyingi hakuna shamba lingine la karibu, kwa sababu vilima vyote vimekwisha kuwa mashamba ya chakula ao malisho ya ngombe wa mwenye mali.

Muji unakula makala

Mukaaji wa Goma, Bukavu ao Butembo atasema: mimi sitafuti kuni, ninanunua makala. Ni kweli makala ni nyepesi kubeba, haitoi moshi mwingi, inakaa gunia zima kwenye chukudu bila shida. Lakini katika tanuru la udongo la kienyeji, kilo moja ya makala inaomba kilo 7 mpaka 10 za kuni. Na kilo moja ya makala inatoa joto la karibu kilo mbili tu za kuni kavu. Hata ukikubali kwamba mbabula inatunza joto kuliko mafiga matatu, bado muti mwingi umepotelea msituni kabla gunia halijafika sokoni. Tena mbabula ikiachwa ndani ya chumba kilichofungwa inatoa hewa isiyo na harufu inayoua watu usingizini. Moshi wa kuni unauona na unakusumbua, ile huioni wala huisikii.

Kwa hiyo, kwa maoni yetu, mutu mwenye uwanja na jiko la inje anafanya vizuri kubakia na kuni zilizopasuliwa na kavu, katika jiko lililofungwa pande zote kwa udongo, lenye mulango mumoja wa kuni. Jiko la namna hiyo linaomba vipande vyembamba. Gogo nene halitaingia, na mubichi utalizima. Waliolileta mara nyingi walifundisha kujenga jiko na kusahau kufundisha kupasula. Kisha miezi sita jiko linakuwa meza ya kuku, na watu wanasema halikufaa.

Miti yenyewe inaweza kupandwa. Tangu 2007, mradi wa EcoMakala wa WWF ulisaidia wakulima wa Kivu ya Kaskazini kupanda kalitusi, akasia na grevilea kwenye mashamba yao wenyewe. Kalitusi inaota tena kutoka shina lake kisha kukatwa, na katika miaka 5 mpaka 8 unaweza kukata kuni za maana. Inakunywa maji mengi, basi isipandwe karibu na chemchemi wala katikati ya maharagi. Grevilea inaishi vizuri pembeni ya shamba la chakula. Asiye na shamba ndiye anayebakia nje ya hesabu hii, na wahamaji wa vita wote wako katika kundi hilo.

Ukinunua fungu sokoni

Muuzaji anauza kwa macho, si kwa kilo, na fungu la kuni mbichi linaonekana zuri kuliko lile kavu. Chukua vipande viwili na uvigonge pamoja: kavu vinalia kwa sauti kali, kama kengele ya muti, vibichi vinatoa sauti ya kufa. Tazama miisho yake: kavu iko na mipasuko midogo inayotoka katikati kama nyota. Vuta ganda na kucha. Kwenye ukuni mukavu linaachana kwa wepesi. Pima kwa mukono: vipande viwili vya unene mumoja, kile chepesi njo chako, kama ni muti wa aina moja.

Wanaonunua kwa steri, yaani mulundo wa metre moja kwa pande zote tatu, wajue kwamba ndani ya mulundo ule kuko hewa nyingi. Muti wenyewe ni kama theluthi mbili. Muuzaji mujanja anapanga vipande vilivyopindika kusudi hewa iwe zaidi. Omba vipande vinyofu, vilivyopasuliwa, na uwe pale wakati vinapangwa. Kama zote ni mbichi na huna namna, nunua mbele ya kuhitaji, pasula siku ileile, na zile za leo usizipike kabla ya zile za mwezi uliopita kuisha.